Anti Nijibu: Anime za misiba, upweke na mapenzi ya mwiko

Jamani toleo lililopita niligusia anime, yaani katuni za Kijapani, kidogo tu, aya moja, nikadhani nimepita, kumbe nimechokoza nyuki. Meseji zimekuja mpaka simu ikawa inakwama. Kuna wazazi wenye hasira, kuna vijana wanaotetea katuni zao kama wanatetea Simba na Yanga, na kuna wachache walioandika vitu nilivyovisoma usiku usingizi ukakata. Leo ukurasa wote nawaachia nyie. Majina nimeyatoa, na sehemu zingine nimefupisha maana kuna mtu kaniandikia meseji ndefu kama risala ya Mwenge.

Mama wa watatu, Morogoro: Anti habari za kazi. Mwanangu wa kidato cha tatu nimemkuta saa saba usiku anaangalia katuni ya Kijapani kwenye simu nikamnyang'anya. Mpwa wangu ndo akaniambia hiyo inaitwa Yosuga no Sora, ni ya kaka na dada mapacha wanaopendana kimapenzi!! Nilitetemeka Anti. Huyu mtoto ana dada yake humu ndani. Baba yao alifariki mwaka jana mwezi wa nane, kila kitu nabeba mwenyewe, sasa na hili tena. Nimpeleke kwa mchungaji au nimvunjie simu?

Anti: Pole sana mama. Simu usivunje, utakuja kuinunua tena mwenyewe.

Hiyo katuni naijua. Ilirushwa Japani mwaka 2010, kuanzia Oktoba mpaka Desemba, episodi 12, na chanzo chake ni gemu ya kompyuta ya watu wazima iliyotoka 2008. Sio ya mtoto wa kidato cha tatu na hapo hatuna mjadala mimi na wewe. Wale wahusika ni wanafunzi, na jinsi walivyoonyesha mambo ya chumbani mi nasema ni aibu ya walioitengeneza, walijua nini kitauza wakakiweka. Kumnyang'anya umefanya sawa.

Na usidhani Wajapani wote wanaona kawaida eti kwa sababu ni kwao. Desemba hiyohiyo ya 2010 katuni ikiwa inamalizia, bunge la jiji la Tokyo lilipitisha sheria ya kubana manga (vitabu vyao vya hadithi za picha) na anime zinazosifia mapenzi ya watu wasioruhusiwa kuoana, vijana wadogo wasiuziwe. Gavana wa wakati huo Shintaro Ishihara ndo alikuwa anaisukuma, wachapishaji wakubwa wakakasirika wakasema wanazibwa mdomo, kumi wakagoma kushiriki maonyesho makubwa ya anime yaliyopangwa Machi 2011. Ikawa vita haswa, na ni wao kwa wao.

Ila sasa mama naomba urudi kwenye meseji yako, pale katikati ulipoandika kama unapita tu, "baba yao alifariki mwaka jana". Unajua hiyo katuni inaanzaje? Wazazi wamekufa kwenye ajali. Watoto wawili wanapanda treni na mabegi yao wanaenda kijijini kukaa kwenye nyumba ya marehemu babu yao, zamani ilikuwa zahanati, imefungwa siku nyingi. Hakuna shangazi, hakuna mjomba, hakuna bibi wa kuwapikia hata uji. Dada hataki shule, hataki kutoka, anakaa ndani tu, na kaka anajifanya yuko sawa maana mmoja lazima ajifanye yuko sawa. Hilo neno yosuga lenyewe ni kile unachokishikilia ukiwa huna kingine cha kushikilia, tegemeo. Kwahiyo kabla haijawa stori ya mwiko ilikuwa stori ya watoto waliofiwa, watu wazima wote wakapotea, wakashikana wenyewe mpaka wakashikana kubaya.

Mi nina kipimo changu kwa hizi kazi, natoa kitanda halafu naangalia kama stori imebaki. Kwenye hii inabaki nusu. Nusu nyingine ni biashara ya watu.

Sasa kijana wako sijui alikuwa anaangalia nusu ipi na wewe pia hujui, kwa sababu hujamuuliza. Usimuulize habari ya katuni, atakufa kwa aibu hapohapo na hutapata kitu. Muulize kuhusu baba yake. Kaa nae mnamenya hata viazi, maana mtoto wa kiume ukimkalisha kochini uso kwa uso hasemi. Na kuhusu dada yake, usianze kuwaangalia wale watoto kwa jicho la polisi, hujaniandikia dalili yoyote zaidi ya katuni. Ukiona dalili hilo ni jambo lingine kabisa, unamwita mtu mzima mnayemwamini siku hiyohiyo. Mchungaji sio mbaya, ila aende kumsikiliza sio kumkemea pepo.

Nitafute tena.

Konda mstaafu, Mbeya: Kwani katuni si za watoto? Nyie watu wazima mnahangaika nini.

Anti: Mzee wangu shikamoo. Huko Japani kuna katuni zinaruka saa sita usiku na kuendelea, watoto wamelala, wanaangalia watu waliotoka kazini. Kituo cha Fuji TV wana kipindi chao cha usiku toka 2005 wanaweka anime zinazolenga watu wazima, madeni, misiba, mapenzi yaliyovunjika. Kuchorwa hakuifanyi stori iwe ya chekechea, mbona magazeti yetu ya katuni za vichekesho tuliyasoma tukiwa na ndevu, yaani nyie mlikuwa na ndevu.

Kijana, Kimara: Mambo Anti. Nina 25. Kazini walipunguza watu na mimi nikapunguzwa, nikasema ntapumzika wiki mbili, sa hizi mwezi wa nane niko ndani. Natoka usiku tu kununua chipsi, mchana naogopa kukutana na mwenye nyumba na watu wa pale nje. Dada yangu mkubwa ndo analipa kodi. Nimeangalia Welcome to the N.H.K. nikaona wamenichora mimi. Nililia. Kuna muda nawaza bora hata nisingekuwepo. Je hii ni ugonjwa au ni uvivu kama anavosema shemeji?

Anti: Mdogo wangu asante kwa kuandika, najua hiyo meseji umeifuta mara tatu kabla ya kuituma.

Hiyo "bora nisingekuwepo" siipiti hivihivi. Leo, sio kesho, mpigie dada yako umwambie sentensi hiyohiyo ulivyoniandikia mimi, usiipambe usiipunguze. Halafu nendeni hospitali, hospitali ya wilaya au ya mkoa, mwambie daktari wa zamu kuwa ni habari ya akili atakuelekeza. Shemeji aachane na wewe kwa sasa.

Unaloishi wewe Wajapani wameshalipa jina, hikikomori, yaani kujivuta ndani ukajifungia. Daktari mmoja wa magonjwa ya akili, Tamaki Saito, aliliandikia kitabu mwaka 1998 ndo neno likasambaa nchi nzima. Serikali yao inahesabu mtu aliyejitenga miezi 6 na zaidi, na makadirio waliyotangaza 2023 ni kama watu milioni 1.46 kati ya miaka 15 na 64. Milioni na nusu kasoro mdogo wangu! Na wengi sio watoto, ni watu wazima, wengine waliingia ndani baada ya kazi kuisha kama wewe. Sasa milioni na nusu wote ni wavivu?

Kwa wasioijua, hiyo anime ni ya 2006, episodi 24, imetoka kwenye riwaya ya Tatsuhiko Takimoto ya 2002. Jamaa anaitwa Satou, ana miaka 22, kaacha chuo, karibu miaka minne chumbani. Kashajiaminisha kwamba kuna shirika la siri linalotengeneza watu wa kujifungia, eti NHK ile televisheni ya taifa ndo wenyewe. Unacheka, halafu unastuka kwamba ni rahisi kuamini kuna adui mkubwa huko nje kuliko kukubali kwamba unaogopa kufungua mlango. Kuna msichana, Misaki, anakuja na mkataba wa kumponya, wanakutana usiku kwenye bustani anamsomea masomo. Na hapa ndo uangalie vizuri Kimara, huyo msichana nae kaumia kuliko yeye, kalelewa kwenye vipigo, anamtafuta Satou kwa sababu anataka angalau mtu mmoja duniani aliye chini yake. Wengi mnaitazama mnatoka na wazo kwamba siku moja atakuja Misaki wangu agonge mlango. Hakuja kumwokoa yule. Walikuwa watu wawili wanazama kila mmoja kamshika mwenzake shingo.

Unakumbuka kilichomtoa Satou? Pesa ya nyumbani iliisha. Njaa. Akaenda kusimama barabarani kuelekeza magari kwenye matengenezo, kazi ya vumbi, hakuipenda na hakupona siku moja. Sikwambii dada akukatie kodi, usije ukanisingizia kwake. Nakwambia kitu kidogo kuliko hicho, kesho chipsi kanunue saa kumi jioni badala ya saa nne usiku. Mwenye nyumba ukimkuta msalimie upite. Keshokutwa saa tisa. Hospitali ndo ya kwanza lakini.

Binti wa miaka 23, Tanga: Anti kwema? Mimi na binamu yangu tumegombana hatuongei wiki sasa, chanzo Usagi Drop. Mimi nimeangalia anime nikasema ni stori nzuri kuliko zote, yeye kasoma manga mpaka mwisho anasema ni takataka. Nani mkweli? Na swali la pili, huyo binamu (mtoto wa mjomba) ndo kanichumbia... Kwa baba hawana tatizo, kwa mama watu wa bara wanasema mwiko mkubwa.

Anti: Hahaha yaani swali la kwanza ni chambo, umenitegea la pili. Haya.

Wote wakweli. Anime ni ya 2011, episodi 11, na imeishia nusu ya stori. Manga ya Yumi Unita ndo imeenda mpaka mwisho, nayo ikaisha 2011. Inaanza msibani, Daikichi ana miaka 30 hajaoa, anaenda kumzika babu yake anakuta katoto ka miaka 6, Rin, kumbe babu kaacha mtoto wa nje. Ukoo umekaa kikao. We binti wa Tanga unavijua vile vikao, watu wametoka kula pilau la msiba sasa wanaambiana nani amchukue mtoto, huyu nyumba ndogo, yule watoto anao wanne, mwingine anaangalia saa. Na mtoto mwenyewe yuko palepale anasikia! Kwenye katuni ni hivohivo hadi nikasema huyu mwandishi alihudhuria kikao chetu. Rin haongei na mtu, ila ndo anayejua marehemu alipenda maua gani. Daikichi anapandwa na hasira anasema twende kwangu. Hajui hata kusuka nywele.

Halafu manga inaruka miaka kumi mbele. Rin kawa msichana, anasema anampenda yule baba aliyemlea, na ili mambo yapite mwandishi akafichua kwamba kumbe hawana undugu wa damu, sio mtoto wa babu. Mwisho wanakubaliana waoane. Watu walikasirika Japani, wakakasirika Marekani, na mimi huku nikakasirika, nilikuwa kwenye daladala nikafunga simu nikaangalia dirishani mpaka Mwenge.

Nikwambie kwanini nilikasirika. Mwandishi kadhani mwiko ni damu, ukitoa damu mwiko umekwisha. Sisi watu wa pwani hiyo hutudanganyi, maana tuna ndugu wa kunyonya. Mtoto kanyonya ziwa la mama yako, damu hamna hata tone, na bado ni kaka yako huolewi nae mpaka kiama. Hata Japani kwenyewe sheria inamkataza aliyeasili mtoto kuja kumuoa, hata kama hati ya kuasili imeshafutwa. Yule mtoto alifiwa, akapewa mtu mmoja wa kumwita wangu, sasa huyo mmoja unamgeuza mume, baba kabaki nani? Kamfiwisha mara ya pili. Binamu yako yuko sahihi kwa hilo. Ila na wewe zile episodi 11 hakuna anayeweza kukunyang'anya, ishia hapohapo.

La pili. Binamu Japani wanaoana kisheria, kwa Waislamu inaruhusiwa, na kuna makabila bara hata binamu wa mbali ukimtamani unapigwa faini ya mbuzi. Mwiko unabadilika ukivuka mto, ila mama yako hajavuka mto, yuko palepale alipozaliwa. Una miaka 23 na umechumbiwa kwa adabu, sio jambo la siri, kwahiyo hapa hamna kashfa kuna mazungumzo. Mtume mjomba. Ni mwanae anayeoa na ni dada yake anayekataa, huo mzigo ni wa kwake.

Mchungaji wa vijana, Dodoma: Bwana asifiwe. Vijana wangu wanaiangalia Fullmetal Alchemist, nimeambiwa watoto wanachora duara wanafufua mama yao. Huu si ushirikina?

Anti: Amina mtumishi. Wanachora kweli, wanajaribu kweli, na kinachotokea ndo ningependa uwaonyeshe vijana wako. Edward na Alphonse, mama kafa kwa ugonjwa, baba kaondoka siku nyingi. Wanajua kumfufua mtu ni mwiko namba moja wa ile elimu yao ya alkemia, ya kugeuza kitu kuwa kingine, na wanafanya kwa sababu wamekumbuka chakula chake. Kinachotoka pale sakafuni sio mama. Mkubwa anapoteza mguu, halafu anatoa mkono ili kuinasa roho ya mdogo wake kwenye vazi la chuma la vita, mdogo mwili wote umekwenda. Kisha wanaichoma nyumba yao kwa moto wasije wakarudi nyuma.

Ushirikina huwa unaahidi utapata. Hapa hawajapata. Toleo la 2009 lina episodi 64, na zote ni watoto wawili wanalipia usiku mmoja. Ukitaka fundisho la kuomboleza sijui utapata wapi kubwa zaidi ya hilo, lakini we ndo mchungaji.

Mwanafunzi wa chuo, Mombasa: Shikamoo Anti. Mamangu alifariki nikiwa Form Two. Siku ya maziko sikulia hata chozi, watu wakanisifu, huyu ni mwanamume. Arobaini sikulia. Mwezi jana roommate akaweka Anohana, nikalia mbele ya watu hadi wakazima laptop. Sielewi, yaani nilimlilia katuni na mamangu sikumlilia? Nahisi mimi ni mtu mbaya.

Anti: Marahaba mwanangu. We sio mtu mbaya, na kwa hiyo anime uliyoitaja kidogo nicheke kwa uchungu, maana wewe umelia palepale ilipotaka ulie.

Wasiojua, ni ya 2011, episodi 11, stori iko Chichibu, mji wa milimani mkoa wa Saitama. Aliyeiandika ni Mari Okada, kakulia hapohapo, na utotoni yeye mwenyewe aliacha kwenda shule akawa anajifungia ndani, ameeleza kwenye kitabu cha maisha yake. Marafiki sita, mmoja wao Menma akaanguka mtoni akafa. Kundi likasambaratika. Kila mmoja ana siri yake kwamba ni mimi niliyesababisha, na kwa kuwa ni siri hakuna anayemsamehe mwenzake. Miaka inapita, Jinta kaacha shule, yuko ndani na gemu, siku moja Menma anamtokea, anasema mna kitu mnatakiwa mnitimizie ila sikikumbuki.

Kuna pale Yukiatsu, yule mwenye akili darasani, mzuri, anakutwa msituni usiku kavaa gauni jeupe na wigi anajifanya ni Menma. Watu wanacheka, na zilipigwa kelele sana kwa hiyo sehemu. Mi sikucheka. Nilipofiwa na baba, mama alilala na koti lake la mvua mwaka mzima, koti linanuka mafuta ya taa, hakuna aliyethubutu kulifua. Ukimwona mtu amevaa marehemu wake usicheke.

Na mama wa Menma, unamkumbuka? Anawachukia wale watoto kwa sababu wamekua. Binti yake kabaki mdogo wao wamekuwa warefu wana sauti nzito wanakuja kumtembelea. Hayo maneno hayasemwi msibani kwa Mswahili, hata kwa Mjapani hayasemwi. Wao wanakusanyika siku ya 49 sisi siku ya 40, wanafukiza ubani nasi tunafukiza, watu wanasema maneno mazuri wanakula wanaondoka. Kinachobaki baada ya turubai kushushwa ndo hizi katuni zinakiingia.

Sasa kile kitu Menma alichokuja kutimiza. Mama yake Jinta nae alikufa, alikuwa mgonjwa muda, na Jinta kajikaza kiume hataki kumlilia. Yule mama akiwa hospitali akawa na wasiwasi na mwanae asiyelia, Menma akamuahidi, mimi nitamfanya alie. Basi. Hiyo ndo ilikuwa kazi yote aliyorudi kuifanya kutoka kaburini.

Umenielewa mwanangu? Kuna mama alikufa akihofia mtoto wake hatalia. Wewe wakakusifu. Waliokusifu hawakuwa na ubaya, ndo walivyolelewa, hata mimi nimewahi kumwambia mtoto wa kiume jikaze na najuta. Ukipata nauli nenda nyumbani, nenda makaburini peke yako, kaa. Hata ukimwambia tu habari za mitihani.

Grave of the Fireflies usiiguse kwa sasa, kuna mtu lazima atakushauri. Ni ya 1988, ya Isao Takahata, kaka wa miaka 14 na mdogo wake wa miaka 4, mama kaungua kwenye mabomu ya Kobe mwaka 1945. Wanakaa kwa shangazi, wali unapimwa, masimango asubuhi masimango jioni, mpaka kaka anaona bora tukakae wenyewe kwenye handaki kando ya bwawa. Wanakaa kwa furaha siku chache, vimulimuli ndani ya chandarua. Halafu njaa. Mwenye hadithi, Akiyuki Nosaka, alimpoteza mdogo wake kwa utapiamlo mwaka huohuo, akaiandika 1967 kwa sababu hakuwa kaka mwema kama yule wa kwenye hadithi na ilimla rohoni. Takahata alisema sio filamu ya kupinga vita, ni ya watoto waliojitenga na watu wakadhani wawili wanatosha. Iangalie mwakani.

Shabiki sugu, Arusha: Oya Anti, Evangelion episodi 2 za mwisho ni utapeli. Nimekaa na maroboti wiki nzima, mwisho dogo kakalia kiti anaulizwa maswali?? Nirudishiwe bando langu.

Anti: Bando halirudi. Hasira yako imechelewa, wenzio Japani walikasirika toka 1996 mpaka wakamwandikia Hideaki Anno barua za matusi na vitisho, naye alivyo mkorofi akazipitisha baadhi kwa sekunde kwenye filamu ya 1997 wazione wenyewe.

Ila haikuwa stori ya maroboti kaka, maroboti ni chambo. Anno aliandika mwenyewe kwamba kabla ya hiyo kazi alikaa miaka minne mtu aliyevunjika hawezi kufanya kitu. Shinji ana miaka 14, mama hayupo, baba alimtupa kwa watu akamwita siku anamhitaji. Na baba mwenyewe ndo msiba mzima wa ile hadithi, kafiwa na mke hataki kuzika, yuko tayari dunia yote iyeyuke ili amuone tena, hadi kuna msichana ametengenezwa kutokana na huyo mke, analelewa maabara, na mtoto wake wa kuzaa kamsahau. Unashangaa mapenzi ya mle ndani yamepinda, yanyooke vipi. Episodi ya nne inaitwa kwa jina la shida ya nungunungu, baridi wanataka kusogeleana, wakisogeleana wanachomana. Kile kiti ni hapo tu, dogo anaulizwa kwanini unakaa mbali, anajibu mpaka majibu yanaisha. Mimi nilipoiangalia mara ya kwanza nililala usingizi, nakiri. Mara ya pili nilikuwa nimeshafiwa.

Nafasi imebaki kidogo nimuweke mtu mmoja, alinipata tena jana.

Mama wa watatu, Morogoro: Anti ni mimi. Tulimenya mihogo, viazi vilikuwa vimeisha. Nikamuuliza unamkumbuka baba yako saa ngapi zaidi, akanyamaza sana nikajua nimeharibu. Halafu akasema usiku. Akasema ile katuni hajaimaliza hata, alikuwa anarudia mwanzo tu, pale wanapofika wanafungua ile nyumba. Nikamuuliza kwanini pale. Akasema kwa sababu viatu vya watu havipo mlangoni. Anti, viatu vya baba yake nilivigawa siku ya tatu, nilifanya haraka nisiumie. Kuna pea moja ya sandozi iko kwa shemeji yangu Kihonda. Nimempigia nikamwomba, kasema Jumamosi analeta.

Anti: Msimsafishie tope.